Dumu Ambalo Bado Si Hatari

...bibi aeleze tena, eti, kwani mdomo wake ni kinu, ameshaeleza mlangoni, ameshaeleza dirishani, na sasa karani huyu wa ofisi ya taka za hatari aliyevua viatu chini ya meza apumzishe vidole anataka aanze upya, haya, baba, ni tindikali ya betri, mkwe wangu fundi betri alihama akaliacha dumu uvunguni, sasa linatoka jasho kitakoni, juzi mjukuu wangu kaligusa, kidole kikachunika kama kiazi... "Nimekusikia, bibi, ila kitu hakiwi hatari mpaka mkaguzi akikague, na mkaguzi yuko likizo, rudi nalo tu nyumbani," nyumbani, anasema, palepale mtoto anapotambaa, naye bibi analitazama dumu ndani ya beseni miguuni pake, "basi lifungieni ghalani," "ghala ni la vitu vya hatari, bibi, hilo bado," bado, kama posa inayosubiri jibu, bado... marehemu mumewe alikuwa hivyohivyo, paa linavuja, yeye anasubiri mvua ziishe ndipo apande, zikiisha anauliza kwani linavuja wapi, alimsihi, alimnunia, wapi, mpaka siku bibi alipokisukuma kitanda cha huyo bwana mkubwa chini ya tundu, kesho yake alfajiri nyundo ikalia juu... kumbe, mtu kama huyu hasihiwi, husogezewa tundu, "kwa hiyo si hatari, baba?" "Kwa sasa si hatari, bibi," "mmemsikia, jamani?" na foleni inaitikia mmh, bibi ananyanyuka, analishika dumu mpini, analitua mezani kwa karani, taratibu, kama chai ya mgeni, beseni analiacha sakafuni, "huwezi kuliacha hapa, bibi," "kwani linauma?" foleni inacheka, karani ananyoosha mkono alisukume, mkono unakwenda, unarudi, jasho la dumu linatambaa juu ya meza, linafika ukingoni, linadondoka kulekule viatu vilikopumzika, na mwenyewe yuko juu ya kiti miguu mitupu, "hatari hii," anasema, mkaguzi akiwa bado likizo, "nani ana funguo za ghala, hatari hii," huyooo, kavaa glavu, kalibeba dumu mbali na tumbo kama mtoto wa jirani aliyejikojolea, na bibi anakaa tena kwenye kiti kilekile, feni inalia vilevile, ila kifua kimekuwa chepesi, leo mtoto atatambaa mpaka uvunguni akitaka, naye anainama kuchungulia, kiatu cha kushoto, cha ngozi, kimetoboka mbele, ni bei ndogo kwa kidole cha mtoto, lakini karani avivae tu, na kila mvua ikinyesha, aingize mguu humo, maji yamuingie kwa tundu hilo.