Mguu Wangu, Mgongo wa Punda

Wapangaji wa ploti hii wakiniona nimeketi mlangoni na mguu juu ya kigoda, hunong'onezana kwamba mimi ndiye yule mama aliyemtesa punda. Wacha wanong'one. Hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuambiwa na daktari kwamba mguu wake utakatwa. Mimi niliambiwa, na aliyeniambia alikuwa akitafuna karanga.

Jina langu ni Nthenya. Kidonda hiki nilikipata Laini Saba, kule Kibera, enzi nikiuza sukuma wiki kando ya reli. Nilikanyaga msumari, nikaung'oa, nikapaka mafuta ya taa, nikaendelea kuwahudumia wateja. Sikujua kwamba nina sukari mwilini. Tulipohamia Kawangware nilihama na kidonda, na kikawa kinakula chakula chetu, kwa maana nilikuwa siwezi tena kusimama nikauza kitu. Hospitalini wakasema kioshwe kila siku na kipakwe dawa, dawa yenyewe ninunue nje kwa sababu yao imekwisha. Nisipofanya hivyo, mguu utatoka. Nilienda duka la dawa, nikatajiwa bei, nikarudi nyumbani.

Mume wangu Munyao huuza maji. Siku hizo alikuwa na mkokoteni, mitungi, na punda aliyemleta kutoka Kitui angali mdogo. Alimwita Wakili, eti kwa sababu hakuvuka barabara kabla ya kusimama kwanza akafikiri. Mimi sikuona haja ya mnyama kuwa na jina, lakini nani aliniuliza? Kila asubuhi nilimsikia Munyao akimfunga mikanda huku akimbembeleza, "Haya baba, twende." Miye naitwa Mama Ndanu, punda anaitwa baba.

Siku moja Wakili alichubuliwa na mkanda, pale mgongoni mabega yanapokutana. Munyao akapata habari kwamba kuna shirika linalotibu punda bure kule Riruta, mahali punda wanaponyweshwa maji. Nilijikokota na fimbo yangu nikaenda naye. Nilikuta gari jeupe, hema, meza yenye kitambaa safi na daktari msichana anayeitwa Trizah. Alichemsha maji, akavaa glavu, akakiosha kile kidonda taratibu mno. Kila Wakili alipotetemeka, yule msichana alimwambia, "Pole. Pole sana, jamani."

Nilimwonea punda wivu, nasema waziwazi. Nilitamani kupanda juu ya ile meza.

Trizah alimpa Munyao kopo la dawa ya kupaka. Akamfundisha pia kushona kigodoro kwa gunia na sponji, cha kuwekwa chini ya mkanda ili usimchubue mnyama. "Mzee, usimfunge bila hiki," alimwambia. "Huyu anasikia uchungu vile wewe unasikia." Munyao akaitikia kwa kichwa, kama mtoto wa shule.

Tulipofika nyumbani nilinyoosha mkono. "Lete hilo kopo."

"Hiyo ni ya Wakili, Mama Ndanu."

"Na mimi ni wa nani?"

 Tukawa tunagawana, punda na mimi, kopo moja. Na ile dawa ilifanya kazi, asikudanganye mtu. Usaha ulipungua, kando kando kukaanza kukauka, nikaona nyama nyekundu mahali palipokuwa pameoza. Nilimshukuru Mungu kwa sauti hadi majirani wakasikia. Kisha Wakili akapona kabla yangu, kwa sababu punda hana sukari. Trizah alipomwona alipiga makofi. "Amepona kabisa! Hongera, mzee." Hakutoa kopo lingine. La nini, kwa punda mzima?

Kidonda changu kilianza upya. Nilikitazama kikifunguka kidogo kidogo, nami naogopa. Nilikuwa nikiota nimekaa Laini Saba nauza mboga, mguu wangu umepangwa pamoja na sukuma, na wateja wanauliza bei.

Ndipo nikamwambia Munyao amfunge punda bila kigodoro.

Sikumwambia achukue kisu, kama wanavyosema hapa. Nilimwambia akitoe kigodoro, basi, mkanda ufanye kazi yake.

"Huyo atasikia uchungu," Munyao alisema.

"Na mimi sisikii?"

"Wewe ni mtu, Mama Ndanu."

"Ndiyo hiyo sasa. Umejijibu mwenyewe."

Aliketi kitandani muda mrefu ameshika kichwa. Kanisani tunafundishwa kila siku kwamba mtu aliumbwa wa mwisho ili avitawale vilivyotangulia, na Munyao huwa anasema amina kama wengine. Asubuhi alitoka bila kigodoro. Sikumsikia akisema "haya baba". Nilikiokota kile kigodoro, nikakipangusa manyoya, nikakiweka chini ya mguu wangu. Kilikuwa laini ajabu. Munyao hushona vizuri akimshonea anayempenda.

Mgongo wa Wakili ulifunguka upesi. Trizah akatoa kopo jipya. Safari hii sikukubali tugawane. Nilimweleza Munyao hesabu rahisi: punda akipakwa atapona, akipona kopo litakoma, kopo likikoma mguu utakatwa. Kwa hiyo punda asipakwe. Alinitazama kana kwamba nimeongea Kichina, halafu akatii. Basi ikawa hivyo. Kila dawa ilipokwisha alimpeleka Wakili Riruta, wakamwosha, wakampa pole zake, na kopo likaja kwangu. Trizah akiuliza mbona haponi, Munyao alisingizia mzigo mzito. Jeraha lake likawa pana kama sahani. Nzi walijua njia ya kwetu kuliko wageni.

Wanasema asante ya punda ni mateke. Huyu hakurusha hata moja. Alisimama tu akifungwa ule mkanda juu ya nyama mbichi, ngozi ikimcheza. Angerusha teke, labda ningemheshimu. Mguu wangu ulikuwa unapona, mimi nilifurahi, na sikuona kwa nini nijifanye nina huzuni.

Lililotuharibia ni harufu. Muthoni, mwenye ploti, alikuja mlangoni amejifunga leso puani.

"Mama Ndanu, kuna kitu kinaoza huku kwenu. Wapangaji wanasema watahama."

Niliuvuta mguu chini ya blanketi. Ulikuwa bado na harufu yake, na mwanamke mzima haoni raha kuambiwa ananuka. "Ni huyo punda," nikasema. "Mgongo wake umeoza."

Kumbe kwa mdomo wangu mwenyewe nilijichimbia shimo. Muthoni si mtu wa kulalamika akaishia hapo. Aliuliza mjini mpaka akapata namba ya watu wa punda, akawapigia. Akawaambia waje waondoe uozo wao kwenye ploti yake.

Trizah alimkuta Wakili nyuma ya vyoo, amefungwa, kichwa chini, mgongo mweusi kwa nzi. Nilimsikia akiuliza, "Mzee, dawa nilikupa iko wapi? Kigodoro kiko wapi?" Majirani wanasema macho ya Munyao yalikwenda mlangoni kwetu. Sijui ni kwa bahati mbaya au alikuwa amechoka. Yule msichana akaingia.

Aliona makopo yake yamepangwa juu ya kabati. Akaona kigodoro chini ya blanketi, na juu ya kigodoro mguu. Akafunua. Mkono wake ukaenda puani. Kwa punda hakuwahi kuziba pua, hata siku moja.

"Mama, hii dawa ni ya wanyama."

"Inafanya kazi."

"Mlikuwa mnamuumiza makusudi? Ndiyo mpate hii?"

"Wewe ungefanyaje? Ungengoja wakukate?"

"Si ungeniambia tu."

"Ungenifanyia nini?"

Alifikiri. Nampa heshima yake, alifikiri kweli, hakukimbilia uongo. "Mimi si daktari wa watu," akasema mwishowe. "Ningekuambia uende hospitali."

"Nimetoka huko."

Macho yalimjaa machozi, lakini alikuwa ameshageukia nje. Lori lilikuja, ndani limetandikwa nyasi kavu, na vijana watatu wa kumsaidia mgonjwa kupanda. Wakasema Wakili hatafanya kazi tena. Kuna shamba ambako punda hupumzika hadi kufa kwao. Munyao alimkumbatia shingoni akalia kwa sauti, mwanamume mzima, mbele ya wapangaji. Mbele ya ubao wa kupandia lori, Wakili alisimama akafikiri, kama kawaida yake. Kisha akapanda.

Trizah alibeba makopo yote isipokuwa moja lililokuwa limefunguliwa. Hilo alilisukuma kwa kidole hadi karibu na mguu wangu. 

Maji hayaji yenyewe, na tumbo halijui kwamba punda ameenda kupumzika. Munyao aliingia katikati ya ile mikono ya mkokoteni, akavaa mkanda mabegani, akavuta. Watoto wa mtaa walimkimbilia wakimpigia kelele za punda. Jioni shati lilikuwa limegandana na ngozi. Pale mabega yanapokutana, mahali pale pale, pakachubuka, na baada ya siku kadhaa pakafunguka.

Akaenda Riruta. Alijipanga foleni na wenye punda, yeye peke yake bila kamba mkononi, hadi akafika kwenye meza. Kijana wa hapo akamuuliza, "Mzee, punda wako ako wapi?"

"Sina. Ni mimi."

"Pole, mzee. Hapa ni punda tu."

Aliporudi alivua shati, akaketi sakafuni, akanigeuzia mgongo. Usaha ulikuwa umeanza. "Nipake kidogo, Mama Ndanu," akasema. "Hata ya kidole."

Kopo lilikuwa chini ya blanketi, karibu na paja langu. Nililijua ndani yake kwa kupapasa: dawa imebaki ya kukwangua, ya kumaliza kidonda changu, ambacho sasa kilikuwa kimebaki padogo tu katikati. Siku chache zaidi na kingefunga. Nilimtazama yule mtu aliyenitoa Kitui, aliyeuza mbuzi wa mama yake anilipie mahari, ambaye tangu niugue hajawahi kunifokea. Nilimpenda. Nampenda hata sasa. Lakini bega hukomaa likivuta, na mguu ukikatwa hauoti.

"Imekwisha," nikamwambia.

Aligeuka. Hakuniangalia usoni. Aliangalia kile kigodoro chini ya mguu wangu, kazi ya mikono yake mwenyewe. Kisha akavaa shati lake.

Alfajiri nilimsikia nje akipanga mitungi. Nikasikia pumzi ikimkatika mkanda ulipokaa mahali pake. Halafu nikamsikia akijibembeleza peke yake gizani, kwa ile sauti ambayo sikuwa nimeisikia tangu siku nyingi: "Haya baba. Twende."

Magurudumu yakaanza kulia. Nilikivuta kigodoro, nikakiweka vizuri chini ya mguu, nikafungua kopo.