Patalo ya Adjudant Bokungu

"Matako ya mutoto ya masomo iko ndani ya patalo yangu!"

Adjudant Bokungu, askari wa base ya jeshi ya Kamina, hakubisha hodi. Aliegemeza vélo, baiskeli yake, ukutani, akainama asigonge kizingiti, akasimama katikati ya kibanda cha Kisimba mpaka mwanga wa mlangoni ukapungua. Kisimba, fundi wa kushona, alikuwa na pini tele mdomoni, kwa hiyo hakuweza hata kusema yambo.

"Natoka base na vélo," adjudant akaendelea. Alikuwa mtu wa jimbo la Équateur, na Kiswahili chake alikiokota njiani, kambi hadi kambi. "Nafika pale kwenye masomo. Mutoto anapita mbele yangu na kaputula ya velu ya kijani, kitambaa ile ya manyoya. Najisemea, eh, velu ile naijua! Mutoto wa pili anapita: velu ileile! Nzambe! Fundi, niambie tu kama macho yangu iko inazeeka."

Kisimba alitema pini mkononi moja moja, bila haraka. Alikuwa anatafuta nafasi ya kufikiri, maskini, na mawazo hayakuja. Mezani, chini ya mkasi, kulikuwa na kipande cha juu cha suruali ndefu, patalo ya velu ya kijani, kimekatwa magotini. Adjudant alikiona. Wote wawili wakakitazama.

"Macho yako iko muzima, adjudant," alisema Kisimba. "Njo minyi mwenyewe nilikata."

Lakini usimhukumu upesi. Mwaka ule wa tisini na nane, vita ya pili nchini ilipoanza mwezi wa nane, treni za kutoka Lubumbashi zilileta askari, hazikuleta vitambaa. Masomo yakafunguliwa, watoto hawana cha kuvaa. Ndipo directrice Béthanie, mkuu wa shule, mwanamke asiyekata tamaa hata kwa bahati mbaya, alipokumbuka masanduku ya wababa wa Kamina. Ndani yake zililala patalo za ujana wao, zile pattes d'éléphant za miaka ya sabini, nyembamba pajani, pana chini kiasi cha kufagia barabara. Alipita nyumba kwa nyumba akizikusanya. Kisimba akapima, akaona ajabu: kutoka gotini kwenda chini, mguu mmoja unatoa kaputula moja ya mtoto wa darasa la kwanza. Kipande cha juu kinarudi kwa mwenyewe, akakivae shambani. Rangi? Directrice alifumba macho kuhusu rangi.

Mji mzima ulicheka na kutoa. Kila patalo iliyowekwa kwenye benchi la kibanda kile ilikuwa ya kukatwa, na mkono wa fundi ukazoea. Kwa hiyo Mbombo, mpwa wa adjudant anayeuza samaki wakavu sokoni, alipotupa patalo ya mjomba wake juu ya benchi akikimbilia camion ya base, huku akipiga kelele kwamba atarudi kueleza, Kisimba hakungoja maelezo. Aliikata siku ileile.

"Nilitaka upanue kiuno," alisema adjudant. "Vidole viwili tu. Tumbo imekuwa mukubwa."

"Vidye wami," alisema Kisimba, akajishika kichwa.

Alingoja matusi. Matusi hayakuja. Adjudant aliketi kwenye benchi, magoti yake yakapanda karibu na kidevu, akavua kofia. Hapo Kisimba aliogopa kweli, maana askari anayepiga kelele unamjua, anayenyamaza humjui.

"Lundi, kesho kutwa, tunapanda treni, tunaenda Kabalo," alisema adjudant. "Kwenye vita. Kesho mangaribi nacheza na bibi yangu Marie-Thérèse, pale nyuma ya gare ya treni. Sikia, fundi. Mwaka wa sabini minyi nilikuwa Mbandaka, kijana, nywele kama hivi." Alionyesha kwa mikono duara kubwa kuzunguka kichwa chenye upara. "Napiga guitare katika orchestre ya jerk, dansi ya vijana wa siku zile. Sauti yangu ilikuwa mubaya sana! Marie-Thérèse hakupenda sauti. Alipenda patalo. Kisha nikaingia jeshi. Vita ya kwanza ya jimbo la Shaba, tulicheza jerk moja, minyi na yeye, patalo ile mwilini, nikaenda, nikarudi. Shaba ya pili, vilevile. Kila vita. Nacheza, naenda, narudi."

"Na kama haiko patalo?"

"Haijatokea." Adjudant aligeuza kofia mkononi. "Minyi siamini mambo ile. Yeye njo anaamini." Akakuna upara. "Na minyi pia, kidogo."

Alisimama, akavaa kofia, na sauti yake kubwa ikamrudia. "Kesho saa nane, patalo iwe hapa. Kama haiko, nakubeba weye na mashini yako mupaka Kabalo. Utashona katikati ya masasi!" Akacheka. Kicheko kile Kisimba alikipima pande zote, lakini hakuweza kujua ni mzaha kiasi gani.

Mama Clémentine, mkewe, alikuwa amesikia yote kutoka uani, alikokuwa anapepeta unga.

"Nitaenda kwa directrice," Kisimba alimwambia. "Nitaomba zile kaputula mbili."

"Unataka kuvulia batoto ba bantu kaputula barabarani? Weye, muntu wa kwaya?"

"Basi nifanye nini? Velu haiko katika Kamina mzima. Patalo zote nilizikata kwa mukono huu."

"Zote?" alisema Clémentine, akaendelea kupepeta. "Na ile yako?"

"Nilisema mbele ya directrice: panya walikula."

"Eeh. Panya ile iko mukubwa. Inakula ugali kwangu kila siku, na kanisani inaimba basse, sauti nzito."

Kisimba aliingia ndani, akavuta sanduku chini ya kitanda.

Ilikuwa velu nyekundu. Aliishona mwaka wa sabini na moja, wakati bado ni mwanafunzi wa ushonaji, kutoka pazia kuukuu la ukumbi wa cheminots, wafanyakazi wa reli. Mwaka ule alikuja misheni kijana wa Amerika kufundisha hesabu, mwenye nywele mabegani na viatu vya kamba, aliyekataa kwenda kupigana vita ya nchi yake huko Asia. Wamama wa kanisa walimwita Yoane Mubatizaji. Mchana alifundisha hesabu. Mangaribi aliwasha gramafoni ya betri, guitare zikalia kama msumeno unaokata chuma, na vijana wa Kamina wakasimama dirishani vinywa wazi. Kisimba aliazima patalo ya mwalimu yule, akaifumua mshono kwa mshono aone mguu ule umejengwaje, akaishona tena kabla mwenyewe hajamaliza kuoga mtoni. Kisha akajishonea yake. Akapiga guitare ya basse katika orchestre ya wana wa cheminots, msimu mmoja tu, hadi ikaja Authenticité, siasa ya serikali ya kurudia asili, na nyimbo zake, na baba yake mwinjilisti akamtafutia mke mwenye akili.

Tuseme wazi: aliipenda patalo ile. Ndani yake hakuwa mwana wa mwinjilisti wala fundi wa mtu, alikuwa Kisimba basi. Ndiyo maana alidanganya, mtu mzima, kwa kumsingizia panya. Alifikiria kumpa adjudant patalo yenyewe nzima, lakini aliipima kwa macho akaona ni kazi bure. Adjudant ni mlingoti, yeye ni mfupi; ingemwishia kwenye mashavu ya miguu, na kiuno kisingefika hata nusu ya tumbo.

Aliileta mezani. Akailaza kando ya kile kipande cha kijani. Akapitisha kiganja juu ya velu, kwenda na kurudi, kutafuta manyoya yamelala upande gani, kwa sababu velu ikigeuzwa inabadilisha rangi na kumwumbua fundi. Akachora kwa chaki. Alianzia juu, pajani kabisa, ili mguu umtoshe mtu mrefu na ufunike kiatu, maana pattes d'éléphant inayoonyesha kiatu ni aibu tupu. Akashika mkasi, akauweka chini. Akaushika tena.

"Ukikata, kata," alisema Clémentine kutoka mlangoni, na safari hii hakumtania. "Patalo yako ilikwisha kucheza. Yake bado."

Alikata. Mkasi ulipita kwenye velu bila kelele, na machozi yalimjia, akayafuta kwa bega. Kilichobaki cha patalo yake kilikuwa cha kufunika aibu tu.

Lakini mikono ina furaha yake, hata moyo ukilia. Alipoanza kuunganisha nyekundu na kijani, alikumbuka maneno ya yule Yoane: kwamba vijana wa kwao walipasua mguu wa patalo na kutia kipande chochote, cha pazia, cha kitambaa cha meza ya mama, na hawakuficha kiraka. Kiraka ndicho kilikuwa majivuno yenyewe. Basi Kisimba naye hakuficha. Alipiga mshono mara mbili kwa uzi wa njano, akapanua kiuno vidole viwili, akaongeza na cha tatu kwa ajili ya ukweli. Akapiga pasi ya makaa kwa upande wa ndani. Alipomaliza alikuwa anapiga mluzi, na mluzi wenyewe haukuwa wa kanisa.

Kesho yake, siku ya mungu, walipotoka ibadani, adjudant alipita kuichukua. Aliitazama muda mrefu, juu kijani, chini nyekundu.

"Fundi," alisema, "hii siyo patalo. Hii ni drapeau, ya kupandisha kwa mulingoti."

"Vaa kwanza."

Alivaa nyuma ya pazia. Ilimkaa. Akapiga hatua, miguu mipana ikagongana na kufanya upepo, akacheka kama kijana wa Mbandaka. Kisha kicheko kikamkauka. "Sasa twende kwa bibi yangu. Akikataa yeye, tumekwisha wote wawili."

Nyuma ya gare, askari na familia zao walikuwa wametandaza mikeka kungoja treni, masufuria juu ya moto, mbuzi wamefungwa kwenye reli ya zamani. Redio-kaseti ilikuwa juu ya sanduku, betri zake zimeanikwa juani zipate nguvu. Marie-Thérèse alikuwa mwanamke mfupi, mnene, aliyevaa kitenge kipya. Hakusalimia mtu. Alienda moja kwa moja kwa mumewe, akachuchumaa, akashika mshono wa gotini.

"Hii nyekundu ni ya nani?"

Kisimba alijongea. "Ni ya minyi, mama. Nilikosa. Nilikata ya bwana yako, nikaongeza na yangu."

"Uliichezea?"

"Nilicheza nayo jerk, hapahapa Kamina. Sabini na moja."

"Na ulirudi kwako muzima?"

Kisimba alifikiri, maana swali lile hakuwahi kuulizwa. Alimtazama Clémentine, aliyekuja naye akiwa bado na kitenge cha umoja wa wamama.

"Kila mara alirudi," Clémentine akajibu kwa niaba yake. "Hata leo njo iko kwangu."

Marie-Thérèse aliinuka, akapangusa mikono. "Basi iko muzuri. Weka muziki."

Jerk ikaanza. Mama yangu wee! Adjudant alitupa mabega, akatupa magoti, upara ukang'aa, miguu ile myekundu ikazungukazunguka vumbini, na mkewe mbele yake akajibu kila tendo kama aliyecheza naye jana tu. Watu walipiga vigelegele. Mbombo alicheka mpaka akakaa chini. Kisha betri zikachoka. Guitare ikavuta, ikawa nzito, mwimbaji akawa na sauti ya fahali, na kaseti ikasimama.

Nao wakasimama. Uso wa Marie-Thérèse ulibadilika, na kila mtu pale alielewa: ngoma haijaisha, na ngoma isiyoisha haijamfikisha mtu nyumbani.

Kisimba hakufikiri. Alifungua kinywa akaiendeleza basse kutoka pale ilipokatika, dum, dum-du-dum, kwa sauti ileile ya kwaya, macho amefumba. Kando yake akasikia makofi yanashika mdundo. Alifumbua jicho moja: Clémentine, mama wa umoja wa kanisa, siku ya mungu, anapigia jerk makofi. Mtu akagonga sufuria. Adjudant akanguruma guitare kwa mdomo, na kweli sauti yake ilikuwa mbaya sana. Wakacheza mpaka mwisho, wakamaliza pamoja, na Marie-Thérèse akamkumbatia mumewe kiunoni akakaa hivyo.

Lundi asubuhi treni iliondoka. Kisimba alitoka kibandani na metre, utepe wake wa kupimia, shingoni, akasimama kando ya reli pamoja na wengine. Mabehewa yalipita polepole, askari juu ya paa, askari milangoni, wanaimba, wengine wadogo mno. Marie-Thérèse alikuwa amesimama karibu naye, mikono kichwani.

"Mama, bwana yako iko behewa gani?"

"Utamwona," alisema. "Amekataa kuvua."

Akamwona. Alikuwa ameketi mlangoni mwa behewa, juu amevaa uniforme na kofia, chini miguu inaning'inia. Alipiga saluti. Hakuna aliyeweza kujizuia kucheka, hata Marie-Thérèse, machozi yakimshuka. Treni ikaongeza mwendo, upepo ukaingia kwenye patalo ukaijaza, na kwenye kona, nyuso zote zilipokuwa hazitambulikani tena, miguu miwili myekundu bado ilikuwa inarushwa hewani, mmoja, halafu mwingine.