Damu ya Malkia

Bibi yangu, Frideswide Tansley, alikuwa mke wa bwana mkubwa wa kaskazini, na kazi yake kasrini ilikuwa kumvisha Malkia. Mimi, Maudlin, nilikuwa mjakazi wake. Wanawake wa mjini walimwonea kijicho kwa hariri na lulu zake. Hawakujua kwamba kila asubuhi, kabla ya kutoka chumbani, alikuwa akitapika kwa hofu.

Mwaka ule Malkia alikuwa na mimba changa. Mfalme alishaanza kumchoka. Mimba ile ndiyo iliyombakiza pale.

Jumatano moja baada ya misa, Malkia alituita sisi wawili tu, akafunga mlango mwenyewe. Gagulo lake lilikuwa limelowa damu.

"Nani mwingine ameona?" aliuliza.

"Mimi na Maudlin tu, Malkia wangu."

"Basi mkisema, mmeniua. Na sifi peke yangu, Frideswide."

Bibi alilikunjakunja gagulo, akalificha chini ya joho lake, tukatoka kwenda kulichoma chumbani kwetu. Tulifika nusu ya ukumbi. Akatutokea Bwana Godfrey Mallin, mshauri wa Mfalme, aliyekwisha kuwapeleka mabibi wawili Mnarani, gereza la Mfalme, tangu Pasaka.

"Ah, Bibi Tansley! Mbona mbio? Kumewaka moto?"

"Kazi tu, bwana."

"Na mtoto wetu, hajambo?"

"Hajambo. Anapiga mateke."

"Mateke? Mapema yote hii?" Akacheka. "Basi huyo atazaliwa na upanga mkononi." Kisha kicheko kikakatika. "Umebeba nini humo?"

Niliona shingo yake ikicheza kama ya kuku aliyeshikwa.

Bwana Godfrey akageuka, akampigia kelele askari wa mlangoni amlete mwanamke wa kumpekua. Ni kitambo cha kuvuta pumzi mbili. Bibi akanyakua mkasi uliokuwa ukining'inia kiunoni mwangu, akajichoma kiganja, akalichomoa gagulo na kulizungusha mkononi.

"Nimejikata nikimshonea Malkia, bwana," alisema. "Nimemharibia nguo yake. Niliogopa kugombezwa."

Bwana Godfrey akaufungua ule mkono, akalibonyeza jeraha kwa kidole gumba mpaka damu mpya ikachuruzika juu ya ile ya zamani. Kisha Bwana Godfrey akanigeukia mimi.

"We msichana. Kweli?"

"Kweli, bwana. Nilimwambia asishone gizani, hasikii."

Alinitazama mpaka nikahisi mkojo unanitoka. "Mfunge bibi yako jeraha," akasema, akaenda zake.

Ijumaa ilitangazwa kwamba Malkia ameteleza ngazini na mimba imeharibika. Mfalme alilia, akamhurumia, akamrudisha mezani kwake. Nikadhani sasa tutapewa japo pete. Wapi! Tangu siku ile Malkia, kwa kuogopa siri tuliyoijua, hakunywa tena kitu kilichopita mkononi mwa Bibi, wala hakumtazama usoni. Kabla ya Kwaresima akatuamuru turudi kwetu.

Kaskazini hofu ikatufuata. Bibi hakula kitu mpaka mbwa aonje kwanza. Kwato zikisikika barabarani, alikwenda kusimama nyuma ya mlango wa jikoni, mkono kifuani, mpaka zipite.

Mwaka wa pili mumewe aliingia na habari wakati wa chakula: Malkia amekamatwa kwa kesi nyingine kabisa, yuko Mnarani.

"Ametaja majina?" Bibi aliuliza.

"Majina gani?" mumewe alishangaa. Hakuwa akijua lolote.

Wiki tatu tulilala na viatu miguuni. Halafu mjumbe akaja, akasema Malkia amekatwa kichwa. Walimhoji kutwa kucha, hakumtaja mtu hata mmoja.

Bibi alikaa chini palepale sakafuni, akalia kwa sauti, mbele ya mumewe na watumishi wote.