Jezi Nyekundu ya Nagiura

Shigeyo Katsuragi alikuwa anakata vitunguu vya majani katika mkahawa wake wa tambi mjini Nagiura wakati Genzo alipoingia bila hata kubisha hodi, kofia imemkaa upande.

"Shemeji, washa televisheni. Washa upesi, tumefutwa!"

"Genzo, wateja wa mchana wanaingia sasa hivi. Kama umeniletea utani wako, kaa pale pembeni unywe chai."

"Leo sina utani. Washa."

Genzo alikuwa kinyozi, na kabla ya ukinyozi alikuwa winga wa kulia, na katika kazi zote mbili hakuna aliyewahi kumsikia akisema hana utani. Shigeyo akafuta mkono mmoja kwenye aproni, akawasha.

Kwenye kioo alikuwa Mineo Kuwabara, rais wa klabu ya mpira ya Takashiro, suti nyeusi na tai ya buluu, anamtembeza mtangazaji kwenye ukumbi mpya wa historia ya klabu. Ukumbi ulikuwa ufunguliwe rasmi Jumamosi. "Sisi bado ni klabu changa," alikuwa anasema huku anatabasamu. "Tumezaliwa hapa hapa Takashiro, miaka kumi iliyopita." Kamera ikapita kwenye makombe, ikapita kwenye picha za vijana waliovaa buluu, ikatulia mbele ya kabati la kioo. Ndani ilitandazwa jezi ya kipa, nyekundu iliyochujuka, yenye kiraka kwenye kiwiko. Maandishi ya chini yalisomeka: Jezi ya mazoezi ya zamani. Mwenyewe hajulikani.

"Hajulikani?" Shigeyo aliuliza.

Genzo aliona kisu bado kiko mkononi mwa Shigeyo, akasogea kidogo.

"Hajulikani nani? Kile kiraka nimekishona mimi! Na uzi wa buluu, kwa kuwa mwekundu ulikuwa umeniishia. Mineo anajua. Mineo alikula mezani kwangu mume wangu akiwa ameivaa jezi ile, leo mwenyewe hajulikani?"

Wateja wawili walichungulia mlangoni, wakamwangalia, wakaghairi.

Klabu ile haikuzaliwa Takashiro. Ilizaliwa Nagiura, kwenye karakana ya meli, Shigeyo akiwa na miaka ishirini, ameolewa juzijuzi na mchomeleaji aitwaye Toraichi. Wafanyakazi walikuwa wanapiga mpira wakati wa chakula, nyuma ya bohari, kwenye ardhi iliyojaa vyuma vibovu. Waliviokota kimoja kimoja, Jumapili baada ya Jumapili, mpaka pakawa uwanja, na hata hivyo kwa miaka mingi mtu akianguka aliamka amechanika. Jezi hazikuwepo. Wake zao ndio waliochukua fulana nyeupe wakazichemsha na rangi kwenye masufuria makubwa ya jiko la karakana, nyekundu kama ile inayopakwa meli kuzuia kutu, maana rangi hiyo waume zao walikuwa nayo tayari kwenye kucha. Mechi ya kwanza mvua ilinyesha, rangi ikachuruzika. Wapinzani wakawauliza kama wametoka machinjoni. Walifungwa saba, na kipa wao Toraichi alirudi nyumbani mwekundu kuanzia shingoni hadi kwenye soksi, anacheka mpaka anakohoa.

Ndivyo walivyoanza. Miaka ikaenda, wakapanda ligi ya wilaya, wakapanda ya mkoa, wakaingia ya taifa. Toraichi alipoacha kudaka akawa mwalimu wa makipa. Mineo alikuja akiwa na miaka kumi na minane, ametoka milimani, mwembamba, hajui hata kupika wali. Kampuni ya karakana ikamweka nyumbani kwa Toraichi na Shigeyo. Majira ya baridi ya kwanza alikuwa anaingiza miguu chini ya meza ya moto, ile yenye blanketi na kipasha joto chini yake, anainamisha kichwa, analia kwamba anataka kwenda kwao. Shigeyo alimpikia, alimfulia, alimfunga bandeji vifundo vya miguu. Mineo alikuwa anamwita Mama, na hakuacha kumwita hivyo hata alipokuwa nahodha, hata alipostaafu akapewa ofisi.

Ligi ya kulipwa ilipoanza nchini, Nagiura nayo ikaingia. Mji mzima ulivaa nyekundu. Lakini karakana ilikuwa inakosa kazi, meli zinajengwa kwingine kwa bei ya chini, na wenye kampuni wakaiuza klabu kwa kampuni ya simu. Kampuni ya simu ikaihamishia Takashiro, ikabadilisha jina, ikabadilisha rangi. Watu wa Nagiura walisoma habari hiyo gazetini asubuhi wakiwa wanapiga mswaki. Mineo, aliyekaa kwenye mikutano yote, hakukanyaga tena Nagiura kueleza.

Mwaka mmoja kabla ya hapo Toraichi alikuwa amefariki. Siku ya mazishi Mineo alipiga magoti mbele ya Shigeyo akaiomba ile jezi. "Mama, niachie ikae na klabu. Klabu haitamsahau." Shigeyo alimkabidhi kwa mikono miwili.

Jumamosi alifunga mkahawa, akavaa koti lake jeusi, lile lile la msibani, akaenda stesheni. Genzo alikuwa ameshatangulia, amekaa kwenye benchi na kifurushi cha matonge ya wali.

"Nani kakuita?" Shigeyo akamuuliza.

"Sijaitwa. Naja kukushika mkono usimpige mtu. Mkono unaokanda unga kila alfajiri si wa mchezo, shemeji."

"Simpigi mtu. Nakwenda kuchukua nguo ya mume wangu."

Ndani ya treni alikataa kula. Alikaa wima, mkoba juu ya mapaja, na kila Genzo alipotaka kusema neno alimkata kwa jicho. Kadiri walivyokaribia Takashiro ndivyo mabehewa yalivyojaa watu wa buluu, kofia za buluu, watoto waliochorwa mashavu buluu. Kijana mmoja alimpisha Genzo kiti kingine kizuri zaidi karibu na dirisha. Shigeyo alichukizwa hata na adabu hiyo.

Mlangoni mwa ukumbi binti mwenye skafu ya buluu aliwainamia. "Karibuni sana. Ni mara yenu ya kwanza?"

"Nimekuja kuchukua nguo yangu," Shigeyo akasema.

Binti akababaika. "Samahani, Bibi. Mliisahau nguo hapa?"

"Sikuisahau mimi. Mmeisahau nyie."

Akapita. Genzo akamwinamia binti yule mara mbili, kwa ajili yao wote, akafuata.

Jezi ilikuwa pale pale, chini ya taa kali. Ilikuwa imenyooshwa kwa pasi. Toraichi hakuwahi kuvaa kitu kilichopigwa pasi. Shigeyo aliyasoma tena yale maandishi, halafu akageuka akakipa kioo mgongo, akaanza kusema na watu kwa sauti ya kuitia wateja barabarani.

"Jamani, sikilizeni. Hapa pameandikwa mwenyewe hajulikani. Anajulikana! Anaitwa Toraichi Katsuragi. Mchomeleaji. Kipa wa kwanza wa klabu hii mnayoishangilia, miaka hamsini iliyopita, Nagiura. Mimi ni mkewe. Huyu mzee mwenye kofia mnayemwona anajificha nyuma ya nguzo ndiye aliyekuwa winga wa kulia. Genzo, toka!"

Genzo akatoka nyuma ya nguzo, akavua kofia.

"Bibi, tunaomba usogee kidogo," kijana mmoja akasema, simu mkononi. "Tunapiga picha."

"Piga. Na mimi niwemo."

Wengine walicheka kwa aibu. Mama mmoja akamvuta mwanawe. Lakini wengine walisimama, na waandishi waliokuja kwa ajili ya hotuba wakaanza kusogea na kamera zao. Walinzi wawili walikuwa wanamwinamia Shigeyo wakimsihi watoke nje wakazungumze wakati Mineo Kuwabara alipofika, anatembea haraka, uso umemwiva.

"Mama," akasema chini chini. "Mama, umefika lini? Ungenipigia simu ningetuma gari. Twende ofisini, tunywe chai."

"Chai nimekunywa kwangu. Nani mwenye jezi hii, Mineo?"

"Twende ndani, nakuomba."

"Mbele ya watu hawa. Sema jina lake tu."

Mineo aliwaangalia waandishi. "Kulikuwa na makosa kwenye maandishi," akasema. "Vijana wa ofisini hawakuuliza. Nitaagiza yabadilishwe leo hii, Mama. Jina la mzee litawekwa. Kwa herufi kubwa."

"Na Nagiura?"

Mineo akairekebisha tai yake.

"Nakuuliza, na Nagiura? Utaandika kwamba alidaka wapi? Angani?"

"Mama, jambo hilo haliko mikononi mwangu peke yangu. Klabu imesajiliwa hapa. Wenye mali wanataka historia ianzie hapa, watu wa hapa waione kuwa ni yao."

"Kwa hiyo mnaitaka nguo, mwenye nguo hapana. Mnamtaka kipa, mji wake hapana. Fulana hii niliichemsha mimi, kwenye sufuria, na mikono ilinibabuka! Mbona hujaniweka na mimi kwenye kabati, uandike bibi wa zamani, hajulikani?"

Kuna mtu aliyecheka nyuma, na pengine kicheko hicho ndicho kilichomkata Mineo. Alisahau kunong'ona.

"Mji gani, Mama? Mji upi huo? Mechi ya mwisho tulicheza mbele ya watu mia nne kwenye mvua! Karakana imefungwa, vijana wamehama, benki imekataa hata kutusikiliza. Nilikuwa na mawili tu, kuihamisha au kuizika. Niliihamisha. Leo ipo! Watoto hawa wanaishangilia. Nyie mlitaka nini, ife ili mje kuilia vizuri?"

Genzo alitazama kofia yake. Kwa kweli Shigeyo aliyajua hayo yote. Alikuwa mmoja wa wale mia nne. Aliona viti vitupu.

"Ungekuja kutuambia hivyo," akasema. "Vilevile, kwa ukali huo huo. Ungeingia mkahawani kwangu ukasimama mbele yangu ukasema, Mama, inakufa, naichukua. Ningekutukana. Ningekurushia bakuli. Halafu ningekupikia. Hukuja. Ulituacha tukasome gazetini kama watu baki, na sasa unatufuta hata huko tulikotoka. Hilo la pili halikuletwa na benki, Mineo. Hilo umelifanya mwenyewe, umeshiba, umevaa tai."

Mineo akamnyooshea mkono yule binti wa mlangoni, aliyekuwa amewafuata ndani.

"Funguo."

"Lakini bwana rais..."

"Nimesema funguo!"

Akafungua kabati mwenyewe, akaing'oa jezi kwenye pini zake kwa pupa mpaka pini zikatawanyika sakafuni, akamsukumia Shigeyo kifuani.

"Chukua. Chukua basi, nenda nayo Nagiura, mkaiangalie."

Kamera zilikuwa zinamulika. Shigeyo hakuinama. Aliikunja jezi pale pale, bila haraka, mikono ndani, kiraka juu, kama alivyokuwa akizikunja zote zamani, akaiweka mkobani. Kijana mwenye simu alisogea pembeni kumpa njia, akainamisha kichwa. Kabati likabaki wazi, taa inawaka juu ya kitambaa kitupu.

Kwenye treni ya kurudi Genzo alifungua matonge ya wali, akampa moja.

"Sasa umetulia, shemeji?"

"Hapana."

"Si umeipata?"

"Nimeipata. Amenirushia kama mtu anayemtupia mbwa mfupa. Toraichi alimfundisha mtoto yule kuvaa soksi." Akauma tonge, akatafuna kwa hasira. "Na chumvi umeweka nyingi."

Habari ilitoka magazetini kesho yake, na picha. Watu wa Takashiro wenyewe ndio waliogombana zaidi: wengine walisema bibi hana adabu, wengine wakaiandikia klabu wakitaka kujua huo ukweli wa Nagiura. Klabu ilitoa tamko fupi la kusikitika kwa usumbufu. Kabati likajazwa viatu vya mfungaji bora. Tarehe ya kuzaliwa kwa klabu ukutani haikubadilika.

Nagiura kulikuwa na timu ya ridhaa, ya wauza samaki, walimu na watu wa posta, inayocheza ligi ya mkoa kwenye uwanja wa shule ya sekondari. Shigeyo hakuwahi kwenda kuwaona. Alikuwa anasema amemaliza habari za mpira. Vuli hiyo alikwenda, ameivaa jezi ya Toraichi juu ya koti, mikono imekunjwa mara mbili, akasimama nyuma ya goli la nyumbani na kumtukana refa mpaka refa akamfuata kumwomba apunguze.

"Punguza wewe upofu!" akamwambia.

Wachezaji walicheka, na tangu siku hiyo kila mechi waliangalia kama amefika kabla mpira haujaanza.

Mwezi wa kumi na moja, kwenye mechi dhidi ya wazima moto, Genzo alimgusa kiwiko. "Usigeuke ghafla. Pale kwenye lango la kuingilia, chini ya mwavuli."

Shigeyo aligeuka ghafla. Mineo Kuwabara alikuwa amesimama peke yake, hana tai, hana gari la kampuni, viatu vimejaa tope la Nagiura. Alipoona ameonekana aliufunga mwavuli, akainama, akainama chini kabisa na mvua ikimpiga mgongoni, akabaki hivyo.

"Utamwambia nini?" Genzo akauliza.

"Simwambii kitu."

"Atalowa, shemeji."

"Alowe. Lango liko wazi, hakuna aliyemfukuza."

Wazima moto walikuwa wamepata kona. Shigeyo akamgeukia kipa wa Nagiura, mwalimu wa hesabu ambaye daima alisahau nguzo ya pili ya goli, akamfokea arudi nyuma.

Alirudi nyuma. Walifungwa hata hivyo.