Ubao wa Bei

Mjini kwetu wauza gesi tuko watatu tu, na hatujawahi kukaa kikao. Cha nini? Asubuhi nikiandika bei mpya kwa chaki kwenye ubao wa nje, jirani wa ng'ambo ya barabara anachungulia, anafuta yake, anaandika ileile. Kabla ya saa sita, yule wa stendi naye ameshafuata. Ninaanza mimi kwa sababu duka langu ndilo kubwa.

Jumatatu nilipandisha. Huko tunakonunua, gesi haikuwa imepanda hata senti. Nilitaka tu.

Alasiri akaja shangazi yangu, aliyenilea tangu nikiwa mchanga, mtungi mtupu kichwani, jasho linamtiririka. Akautua mlangoni, akaukalia.

"Mwanangu, nisamehe. Leo nimekukosea."

"Kwa lipi, shangazi?"

"Nilipoona bei yako nikasema huyu ananikamua. Nikaenda hapo ng'ambo, nikaenda mpaka stendi. Kote ni hiyohiyo. Kumbe nimekusingizia bure."

Nikamwambia achukue tu, asilipe. Akakataa katakata.

"Usijitie hasara kwa ajili yangu. Kumbe na wewe wanakubana huko unakonunua."

Nilimbebea mtungi mpaka kwake, nikaufunga kwenye jiko. Njia nzima alikuwa ananiombea dua.

Kesho yake asubuhi nilishika kitambaa, nikauendea ubao. Ng'ambo, jirani naye alikuwa ameshika chake, ananitazama, anasubiri.

Nikapangusa vumbi la pembeni. Bei nikaiacha.