Jioni Bustani Ilipomwimbia Ylva

Wazazi wenzangu mlio na watoto waimbaji, koo la mtoto likiuma msingoje wimbo uishe. Wangu nusura aipoteze sauti yake moja kwa moja, na mpaka leo nashukuru kila anaponiita tu kutoka jikoni.

Ylva alikuwa na miaka kumi na tisa, wimbo wake ukipigwa redioni Uswidi nzima. Kiangazi kile tulizunguka bustani za burudani, kila jioni mji mwingine, yeye jukwaani, mimi nyuma na chupa ya kahawa na mikate ya mdalasini. Tulipofika mji wa Tranås aliamka anakwaruza kama mlango wa banda. Daktari akammulika kooni, akasema asiimbe, hata kunong'ona asinong'one. Akilazimisha, sauti inaweza isirudi tena.

Sixten, msimamizi wa ziara yetu, alisikia hayo akakuna kidevu.

"Mama Ylva, watu washaanza kuingia. Tumpe asali, aimbe nyimbo mbili tatu tu."

"Kunywa wewe hiyo asali, ukaimbe wewe."

"Mimi nikiimba, hata bata wa ziwani watahama."

"Basi niachie mwanangu."

Ylva akanivuta mkono. "Mama, unaniaibisha," akanong'ona.

"Nyamaza. Gari likiharibika lina spea. Koo lako halina."

Hakunisikia. Bendi ilipoanza akapanda ngazi. Nami nikapanda nyuma yake na aproni yangu, nikamwahi kwenye kipaza sauti. Watu wa kwetu nawajua. Kiangazi kikifika huimba pamoja, hawangoji kubembelezwa.

"Jamani, binti yangu koo linauma, daktari kamkataza kutoa sauti. Wimbo mnaujua. Mwimbieni."

Mzee mmoja wa mbele, kavaa koti la mvua, akasema, "Mama, sisi tunajua kiitikio tu. Beti anazijua mwenyewe."

"Basi imbeni hicho kiitikio. Nani kawauliza beti?"

Wakacheka, mpiga ngoma akagonga, bustani nzima ikaimba. Walipofika kwenye beti wakabaki kuguna puani. Ylva alisimama pale hajui mikono aiweke wapi. Kisha, pole pole, akaanza kuzionyesha beti kwa mwili: yule msichana wa kwenye wimbo anachungulia dirishani, anamwona mpenzi wake anapita na mwingine, ananuna, anajicheka mwenyewe. Midomo kafunga. Watu wakaacha hata kuguna, wakamtazama, kiitikio kikifika wakaimba kwa nguvu zaidi. Sixten alikuwa kando yangu. Akasema, "Mama, huyu mtoto..." asimalize.

Katika watu wale alikuwepo Solveig, mwongozaji wa michezo ya kuigiza. Alikuja nyuma ya jukwaa na unga wa sukari kwenye kidevu, akamwambia Ylva, "Sauti ikipona, njoo. Isipopona, njoo vilevile."

Ilipona majira ya majani kupukutika, ina mkwaruzo kidogo ambao haukuwepo. Akaimba tena, lakini tangu hapo jukwaa la maigizo ndilo likawa nyumba yake.

Usiku wa onyesho lake la kwanza aliniomba niwe mimi wa kumpa baraka ya waigizaji. Kabla hujaingia jukwaani, mtu hukupiga goti la matakoni, nawe ni mwiko kushukuru, bahati itakimbia. Na sisi ni watu wa kushukuru hata kahawa ya wiki iliyopita. Nikampiga goti. Akageuka, mdomo ushafunguka.

"Nyamaza," nikamwambia.

Akauma midomo asicheke, akaingia kwenye taa.

Kesho yake tulikuwa tunamenya viazi. Akaweka kisu chini.

"Sasa naruhusiwa? Asante, mama."

"Ya goti?"

"Ya Tranås."

Nilisikia ule mkwaruzo kwenye sauti yake. Nikaendelea kumenya, kwa sababu macho yalishajaa machozi.