Rufaa Iliyopitia Ofisini

Mzee Mabula hakuwahi kupeleka barua serikalini bila muhuri wa mtendaji wa kijiji. Barua ya kuomba mbegu, ya kuhamisha ng'ombe, hata ya kumwombea mjukuu ruhusa shuleni, zote zilipita pale kwanza. Ndivyo alivyofundishwa, na mtu wa umri wake haachi njia aliyoizoea kwa sababu ya hasira za wiki moja.

Hasira zenyewe zilikuwa za haki. Binti yake Agnetha aliacha kazi kwa mnunuzi wa dhahabu huko Geita, akarudi kijijini kwao, nyuma ya Mwadui, kufanya usaili wa utendaji wa kijiji. Matokeo yakabandikwa ubaoni: yeye wa kwanza, mshindani wake Thobias wa tatu. Wiki mbili baadaye barua ya ajira ikatoka kwa jina la Thobias, bila neno hata moja la maelezo. Kijiji kizima kiliguna, kisha kikarudi shambani, maana pamba haingoji mtu.

Agnetha hakuishia kuguna. Aliandika rufaa ya kurasa nne, na homa ilipomlaza akamkabidhi baba yake bahasha.

"Baba, tumepewa siku arobaini na tano tu. Leo ni ya thelathini na tano. Ifikishe Shinyanga, kwenye kamati ya rufaa."

"Nitaifikisha, ng'wanone, mwanangu."

Njiani akakumbuka kwamba barua haina muhuri. Akakata kona hadi ofisi ya kijiji, kwa Thobias yule yule anayelalamikiwa. Kesi ya ngedere akampelekea nyani! Lakini Mabula hakuona kichekesho. Yeye aliiona ofisi tu, si mtu aliyeikalia. Thobias aliinuka kitini, akamwamkia, akapokea bahasha kwa mikono miwili.

"Iache tu, mzee. Nitagonga muhuri niitume mwenyewe, usihangaike na safari."

Mabula akashukuru. Nyumbani alisema imefika, na moyoni aliamini imefika.

Sasa walikuwa mbele ya kamati, Shinyanga mjini, Thobias naye kaitwa kujibu. Mwenyekiti, mama wa makamo aitwaye Paskazia, alivua miwani.

"Rufaa hii imepokelewa siku ya hamsini na sita. Kwa nini umechelewa?"

"Sikuchelewa," alisema Agnetha. "Baba yangu aliileta hapa siku ya thelathini na tano. Nimeapa, na nasema kweli."

Mabula alihisi kiti kinamchoma. Akinyamaza, mtoto ataonekana mwongo. Akasimama, kofia mkononi.

"Hajui, mama. Sikuileta mimi. Niliipitisha kwanza ofisi ya kijiji, ipigwe muhuri."

"Ukamwachia nani?"

Akamwonyesha Thobias kwa kidevu, maana kumnyooshea kidole mwenye ofisi ni utovu wa adabu. Thobias akasema kweli aliipokea, ila tarehe haikumbuki, na aliituma mara moja. Mabula hakuwa na karatasi ya kumpinga. Nani humdai mtendaji saini?

Mwenyekiti aliandika mstari mmoja kwenye faili. Kisha akasema sheria haikutaka muhuri wowote wa kijiji, na sababu ya kuchelewa haikuthibitishwa. Anasikitika, rufaa inatupwa. Alama za usaili hazikusomwa kabisa.

Nje, Mabula alishindwa kuinua uso. Alitamani binti amtukane apate nafuu.

"Nimekuangamiza, ng'wanone."

"Hukujua, baba." Agnetha akamshika mkono. "Twende stendi."

Hawajapiga hatua kumi, Thobias akawapita na faili lake kwapani. Akasimama, akainamisha kichwa kwa adabu zake zote.

"Shikamoo, mzee."

Mabula hakuwa amekusudia kumjibu. Jibu lilimtoka lenyewe, kama lilivyomtoka miaka yote mbele ya ofisi ile.

"Marahaba, mtendaji."

Agnetha akauachia mkono wake.